Jibu: Kolabo ya sauti mbili zinazogombana kwenye kiitikio

Mkuu, umeuliza kwa nini kolabo yenu ya kaka na dada inasikika kama nyimbo mbili zilizobandikwa pamoja. Mara nyingi kosa liko kwenye ufunguo (kimo cha noti ambacho wimbo umejengwa juu yake), si kwenye miksi, yaani kuchanganya na kusawazisha sauti. Melodi inayomkaa vizuri kaka, dada akiipandisha oktava nzima (kutoka do ya chini hadi do ya juu) anaishia kupiga kelele. Akiiimba palepale inamzamisha chini, na hisia zinakufa. Kwenye kiitikio mpe dada sauti ya sita juu ya kaka: hesabu ngazi za do-re-mi, noti ya kaka ikiwa ya kwanza. Kwenye beti ya dada, pandisheni ufunguo nusutoni 5 (nusutoni ni hatua kati ya kitufe kimoja cha kinanda na kinachofuata, vyeusi vikiwemo).

Hisia nazo zigawanywe. Kaka akibembeleza, dada ajibu kwa ukavu kidogo. Wote wakilia, msikilizaji hajui amwonee nani huruma. Mmoja akiweka madoido mwisho wa mstari, mwenzake ashike noti iliyonyooka. Herufi "s" aitamke mmoja kwa nguvu, mwingine ailegeze, la sivyo inasikika mara mbili.

Wa pili arekodi akimsikia mwenzake kwenye hedfoni, si biti tupu. Mkiwa studio tofauti, tumianeni WAV (faili za sauti zisizobanwa) zinazoanzia sekunde 0 ya wimbo, ili zilingane. Sauti iliyorekodiwa WhatsApp imeshabanwa, na ubora uliopotea haurudi.