Hiyo "lakini" ya Wimbo 1:5

Ndugu, umeuliza wasomi Weusi wa Marekani wameongeza nini hasa katika kuisoma Biblia. Fungua Wimbo Ulio Bora 1:5. Union Version, Biblia yetu ya Kiswahili, inasema: "Mimi ni mweusi-mweusi, lakini ninao uzuri." Hiyo "lakini" ndiyo waliyoing'ang'ania. Kwenye Kiebrania ni herufi moja tu, vav, ambayo kwa kawaida ni "na". Tafsiri ya kale ya Kigiriki nayo iliandika "na". Yeronimo, mtafsiri wa kale wa Biblia kwa Kilatini, akaweka "lakini". Kweli, vav huweza kubeba maana hiyo muktadha ukidai. Ila nani aliamua kwamba weusi na uzuri vinapingana? Binti yangu aliusoma mstari huo kwa sauti kanisani, nikaumia.

Kuhusu laana ya Hamu, ile iliyotumiwa kudai kwamba watu Weusi wamelaaniwa kama uzao wa Hamu mwana wa Nuhu, soma mwenyewe Mwanzo 9:25: aliyelaaniwa ni Kanaani.