Nyumba ya Milioni 60 Inapolipwa Milioni 200

Watu wengi wanaonijia kutaka ushauri kuhusu mkopo wa nyumba hapa Dodoma huanza na swali moja: nitakatwa kiasi gani kwa mwezi? Ni swali la haki, kwa kuwa mwenye mshahara hupanga maisha yake kwa mwezi, lakini naamini si swali la kwanza. La kwanza ni hili: kufikia siku nitakapokabidhiwa hati yangu bila rehani juu yake, nitakuwa nimetoa shilingi ngapi kwa jumla? Niliiuliza benki swali hilo kabla ya kusaini mkataba wangu, nikaomba jibu kwa maandishi, na jibu lenyewe ndilo lililonifanya nichague muda mfupi kuliko ule niliokuwa nimependekezewa.

Tangu Serikali ilipotangaza mwaka 2016 kwamba inahamia Dodoma, na hasa baada ya mji huu kupewa hadhi ya jiji mwaka 2018, maelfu ya watumishi wamejikuta wakitafuta makazi kwa wakati mmoja. Kodi za nyumba zilipanda, viwanja vikapanda bei, na nyumba za kuuza zikaanza kuonekana, zikiwemo za Shirika la Nyumba la Taifa kule Iyumbu na zile zilizojengwa kwa ajili ya watumishi wa umma kule Njedengwa. Mabenki nayo yalikuwa na fedha za muda mrefu kuliko zamani, kwa sehemu kutokana na Sheria ya Mikopo ya Nyumba ya mwaka 2008 na kuundwa kwa kampuni ya TMRC, ambayo kazi yake ni kuyakopesha mabenki ili nayo yaweze kutukopesha sisi kwa miaka mingi. Zamani mtu alitakiwa kumaliza deni la nyumba katika miaka michache. Sasa anaweza kupewa miaka 20 au zaidi. Hilo ni jambo jema, ila urefu huo wa muda una bei yake, na bei hiyo haiandikwi kwenye bango la tangazo.

Riba za mikopo ya nyumba nchini kwa miaka ya karibuni zimekuwa zikizunguka kati ya asilimia 15 na 19 kwa mwaka. Tuchukue mkopo wa shilingi milioni 60 kwa riba ya asilimia 16, inayokokotolewa kwenye salio linalopungua, yaani kwenye deni lililobaki tu, kwa miaka 20. Rejesho la kila mwezi ni takribani shilingi 834,750. Ukizidisha kwa miezi 240 unapata zaidi ya shilingi milioni 200.3. Kwa maneno mengine, umenunua nyumba ya milioni 60 na ukalipa riba ya milioni 140, kabla hujahesabu ada yoyote.

Jumla hiyo inashtua, lakini ukitaka kuelewa inakotoka, omba jedwali la marejesho, yaani orodha ya malipo ya kila mwezi, na usome mstari wake wa kwanza. Mwezi wa kwanza riba ni asilimia 16 ya milioni 60 ikigawanywa kwa miezi 12, yaani shilingi 800,000 kamili. Kwa hiyo katika zile 834,750 ulizokatwa, kinachopunguza deni la msingi, yaani fedha yenyewe uliyokopa, ni kama shilingi 34,750 tu. Mwezi wa pili hali ni hiyohiyo, tofauti ikiwa ni mia kadhaa za shilingi. Shuka hadi mwisho wa mwaka wa tano: umeshalipa takribani milioni 50, na deni lako bado ni milioni 56.8. Mwisho wa mwaka wa kumi umeshalipa milioni 100, na unadaiwa karibu milioni 50. Nusu ya deni la msingi inakwisha katika mwaka wa kumi na sita. Hakuna udanganyifu hapo, wala benki haijakuibia. Riba inatozwa kwenye salio, na salio hukaa juu kwa muda mrefu kwa sababu rejesho limepangwa liwe dogo. Anayeuza nyumba yake mwaka wa sita kwa sababu amehamishiwa mkoa mwingine hukuta kwamba bado anadaiwa karibu kila kitu.

Mfanyakazi mwenzangu mmoja, kijana aliyekuwa amepanga Ilazo, aliniletea barua ya ofa ya benki yenye hesabu za namna hii. Aliniambia, "Kaka, kodi nalipa laki tatu na nusu, na hii wamenipa laki nane na thelathini. Nikijibana naweza." Tukakaa na jedwali lake mchana ule, tukapiga hesabu kwa kubadilisha jambo moja moja. Kwa miaka 15 badala ya 20, rejesho linakuwa kama shilingi 881,200 na jumla inashuka hadi milioni 158.6. Kwa miaka 10 rejesho ni takribani 1,005,100 na jumla ni milioni 120.6. Angalia vizuri tofauti hiyo: nyongeza ya shilingi 170,000 kwa mwezi inaokoa karibu milioni 80. Kwake yeye milioni moja kwa mwezi haikuwezekana, na sikumshauri ajaribu. Alichofanya ni kutafuta nyumba ndogo zaidi, akapunguza mkopo hadi milioni 45 na kuomba miaka 12. Rejesho lake likawa shilingi 704,600, chini ya lile la mwanzo, na jumla atakayolipa ni milioni 101.5, yaani karibu nusu ya ile ya awali. Chumba kimoja kilichopungua kilimwondolea deni la takribani milioni 99.

Kuna tahadhari mbili kuhusu riba yenyewe. Ya kwanza ni namna inavyokokotolewa. Baadhi ya wakopeshaji hutaja riba inayoonekana ndogo, lakini huitoza juu ya mkopo wote tangu mwanzo hadi mwisho bila kujali ulichokwisha kulipa. Milioni 20 kwa miaka 5 kwa asilimia 12 ya namna hiyo huzaa riba ya milioni 12, na ukiigeuza iwe riba ya salio linalopungua utakuta ni zaidi ya asilimia 20 kwa mwaka. Ya pili ni kama riba ni ya kudumu au inaweza kubadilishwa. Soma kifungu hicho mwenyewe, usisimuliwe. Katika mfano wetu wa milioni 60, riba ikiwa asilimia 18 badala ya 16, rejesho ni karibu shilingi 926,000 na jumla ni milioni 222.

Wapo wanaonijibu kwamba shilingi ya miaka 20 ijayo haitakuwa na uzito wa shilingi ya leo, na kwamba mshahara nao utapanda. Hoja hiyo ni ya kweli na haipaswi kupuuzwa. Rejesho linaloumiza leo litakuwa jepesi baadaye. Lakini mfumuko wa bei nchini kwa miaka kadhaa sasa umekuwa kati ya asilimia 3 na 5, ilhali mkopo ni asilimia 16, kwa hiyo pengo linalobaki ni gharama halisi. Tena, sehemu kubwa ya riba hulipwa katika miaka ya mwanzo, wakati shilingi bado ina thamani yake yote. Wengine husema nyumba itapanda thamani, na hapa Dodoma tumeona viwanja vikipanda. Sawa, ila nyumba unayoishi na familia haikupi fedha ya kulipia rejesho la mwezi huu, na huwezi kuuza sebule.

Gharama za mwanzoni nitazitaja kwa kifupi, kwa kuwa benki hulazimika kukuonyesha: malipo ya mthamini, ada ya kushughulikia mkopo, ada ya mwanasheria, ushuru wa stempu wakati wa kuhamisha umiliki, usajili wa rehani kwa Msajili wa Hati, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto. Nyingi hulipwa mara moja, lakini bima huweza kurudi kila mwaka, kwa hiyo uliza kama imo ndani ya rejesho au inakatwa pembeni. Ongeza pia sehemu ya bei ambayo benki haitakukopesha na unatakiwa kuitoa mwenyewe. Wapo wanaokopa kwingine ili kuijazia sehemu hiyo, na hilo silishauri kabisa.

Zisizoonyeshwa na benki ndizo zinazohitaji macho, na hapa jiografia yetu ina neno. Dodoma ni nchi kavu; mvua hunyesha kati ya Desemba na Aprili, na miezi inayobaki ni vumbi na jua. Katika vitongoji vingi maji ya DUWASA, mamlaka ya maji ya Dodoma, huja kwa mgawo, kwa hiyo nyumba bila simtanki, mnara wake na pampu ni nyumba nusu. Baadhi ya maeneo yana udongo mzito wa mbuga unaovimba ukilowa na kupasuka ukikauka, na msingi usiojengwa kwa kuzingatia hilo huonyesha nyufa baada ya misimu michache. Nilipokuwa nikitafuta nyumba nilizikagua mwezi wa Februari kwa makusudi, nikapita ukutani chini ya madirisha na kwenye pembe za milango, mahali ambapo ufa huanza, na nikawauliza majirani kabla ya kumuuliza dalali. Ufa wa msingi ni gharama inayokuja katikati ya mkopo, wakati makato hayakuachii nafasi ya kumwita fundi. Weka pia kodi ya pango la ardhi ya kila mwaka, kodi ya jengo inayokatwa kupitia LUKU unaponunua umeme, na nauli ikiwa nyumba iko mbali na ofisi. Anayeishi Nala na kufanya kazi Mtumba anavuka jiji zima kila siku ya kazi.

Kisha rudi kwenye mshahara. Mtumishi wa umma analindwa na utaratibu unaotaka theluthi moja ya mshahara ibaki baada ya makato, lakini utaratibu huo ni kikomo, hausemi kwamba kufika hapo ni salama. Kuna kodi ya mapato, mchango wa mfuko wa hifadhi ya jamii, bima ya afya, na kwa wengi asilimia 15 ya mshahara wa msingi inayokwenda Bodi ya Mikopo ya Elimu ya Juu. Angalia pia umri: kustaafu kwa lazima katika utumishi wa umma ni miaka 60, na mwenye miaka 42 anayechukua mkopo wa miaka 18 anapanga kuishi na deni hadi siku ya mwisho ya ajira yake. Na kwa kuwa nyumba ya familia haiwezi kuwekwa rehani bila ridhaa ya mume au mke, ni vyema anayetoa ridhaa hiyo asome jedwali lote pia, asipelekwe benki kusaini tu. Deni likishindikana, sheria inampa mdaiwa notisi ya siku 60 kabla ya nyumba kuuzwa, na siku hizo si nyingi kwa familia yenye watoto shuleni.

Je, basi ni bora kujenga kidogo kidogo, kama walivyofanya wazazi wetu? Kwa wengine, ndiyo. Yule kijana wa Ilazo angebaki kwenye nyumba ya kupanga na kuweka kando tofauti kati ya kodi yake na rejesho la kwanza alilopewa, angekuwa na karibu milioni 5.8 kila mwaka za kununulia tofali, nondo na bati. Lakini kujenga hivyo kunahitaji kiwanja kilichopimwa, usimamizi wa karibu, na nidhamu ya kutoigusa fedha ile mtoto akiugua au harusi ya ndugu ikifika, na saruji haisubiri bei yake ya jana. Mimi nilichagua mkopo kwa sababu kazi yangu ilikuwa ya safari nyingi na sikuwa na mtu wa kukaa na mafundi. Mwenye nafasi hiyo apige hesabu zote mbili.

Kwa ambaye ameshakopa, bado kuna la kufanya, nalo ni kulipa mapema kadiri inavyowezekana, hasa katika miaka ya mwanzo. Katika mkopo wetu wa milioni 60, anayeongeza shilingi 100,000 kila mwezi tangu mwanzo anamaliza kwa miaka 12 na miezi michache, na kuokoa zaidi ya milioni 63. Anayepata malimbikizo ya mshahara ya milioni 5 na kuyaingiza yote kwenye deni la msingi mwishoni mwa mwaka wa kwanza, huku akiendelea na rejesho lilelile, anapunguza zaidi ya miaka 6 mwishoni. Lakini hakikisha kwanza kama mkataba una tozo ya kulipa kabla ya muda, na unapopeleka fedha hiyo andika barua ukieleza wazi kwamba unataka ipunguze deni la msingi na muda ufupishwe. Usipoeleza, benki inaweza kupunguza rejesho na kuacha miaka ileile, au kuihesabu fedha yako kama marejesho ya miezi inayofuata, na faida yote ikapotea. Baada ya wiki chache dai jedwali jipya lenye muhuri, ulilinganishe na la zamani mstari kwa mstari, na uhifadhi yote mawili pamoja na risiti zake.