Maswali ya Wasomaji: Uhusika Mmoja, Miaka Mingi

Mhariri, hivi Mzee Ojwang wa Vitimbi, kile kipindi cha vichekesho cha televisheni, alikuwa Mjaluo? Hapa nyumbani tumebishana hadi usiku. (Msomaji, Nakuru)

Hapana. Aliyemwigiza ni marehemu Benson Wanjau, Mkikuyu, aliyefariki Julai 2015. Alijulikana kwa jina hilo tangu enzi za Sauti ya Kenya, kabla shirika hilo la utangazaji halijawa KBC, akadumu nalo miongo kadhaa akiigiza mume wa Mama Kayai, aliyeigizwa na Mary Khavere.

Kubishana kwenu kunaonyesha jinsi alivyokuwa hodari. Kijaluo hakina sauti ya "sh" wala "z", hivyo aliyekulia humo huweza kusema "sida" akimaanisha shida. Kikuyu nacho hakina "l". Mkikuyu anayeigiza lafudhi ya Kijaluo ana kazi mbili: kuingiza "s" panapostahili, na kuzuia "r" yake isichomoze penye "l". Wengi hukumbuka ya kwanza wakasahau ya pili, hasa wanapoigiza hasira, maana mtu akipandwa na hasira hurudi kwenye lugha ya mama.

Nina miaka 26 na nimepewa nafasi ya mzee katika kipindi cha wiki kwa wiki. Nifanyeje nisichoke wala kubadilika njiani? (Msomaji, Kisumu)

Anza na sauti, kwa kuwa ndiyo inayoharibika kwanza. Vijana wengi hukaza koo ili wakwaruze kama wazee. Onyesho la jukwaani la usiku mmoja utalimaliza hivyo, lakini siku nzima ya kurekodi itakuacha bila sauti. Uzee uutafute kwenye mwendo wa maneno: pumua katikati ya sentensi, chelewa kidogo kabla ya kujibu, malizia neno la mwisho kwa pumzi ndogo. Jipime kwa kusema hivyo dakika 30 mfululizo. Koo likiwasha, sauti hiyo si ya kubeba miaka, tafuta nyingine kabla watazamaji hawajaizoea. Ukipata ukwaruzo unaozidi wiki tatu, mwone daktari wa koo.

Mvi. Poda ya watoto ni rahisi ila humwagika mabegani, na jasho la taa huifanya madonge. Tumia rangi nyeupe ya vipodozi, ichukue kidogo kwa mswaki mkavu, ipitishe kwenye ncha za nywele tu, kisha chana. Anzia kwenye nywele za pembeni mwa paji la uso na kidevuni. Ukipaka hadi ngozini utaonekana umemwagikiwa chokaa. Kuitoa, paka mafuta kwanza, ndipo sabuni.

Jambo linalowaaibisha hata wazoefu ni kutolingana kwa picha. Tukio moja hurekodiwa vipande vipande, pengine siku tofauti. Ukishavaa, piga picha tatu kwa simu: mbele, ubavuni, nyuma. Andika pembeni ya mswada fimbo ilikuwa mkono gani, na ni neno lipi ulilosema ulipoketi. Mhariri wa picha akikuta fimbo imehama mkono, atalikata jibu lako bora bila kukuuliza.

Na tafadhali, usiigize kabila, mwigize mtu. Mpe mzee wako tamaa yake, woga wake na anayemheshimu. Lafudhi peke yake huchekesha vipindi vitatu tu.

Nimeletewa mkataba wa ukurasa mmoja. Niangalie nini? (Msomaji, Mombasa)

Tafuta maneno "haki zote". Ukiyatia sahihi kwa malipo ya mara moja, kipindi kinaweza kurudiwa hewani na kupandishwa mtandaoni usipate chochote. Omba iandikwe idadi ya vipindi, malipo ya kila kimoja na siku ya kulipwa, malipo ya marudio, nauli siku kazi ikiahirishwa ukiwa umeshafika, na kama picha yako inaweza kutumika kwenye matangazo ya biashara. Kisha jina la uhusika: ukiondoka, je, utaruhusiwa kulitumia kwenye sherehe na mikutano? Waigizaji wa pembeni huitwa kwa jina la kipindi hadi sokoni, na mara nyingi jina hilo ndilo linalowalisha kati ya kazi na kazi.

Nchini Kenya sheria ya hakimiliki inamtambua mwigizaji, si mtunzi peke yake. PRISK, chama cha haki za waigizaji na wanamuziki, ilianzishwa kukusanya malipo yao, lakini leseni za vyama vya namna hiyo hutolewa kwa mwaka mmoja mmoja, basi iulize KECOBO, bodi ya hakimiliki ya Kenya, hali ilivyo kabla ya kujisajili. Weka nakala ya mkataba, na daftari lenye tarehe ya kila siku uliyorekodi.

Bima ya afya je? Ilipe mwenyewe, kazi iwepo isiwepo. Wanjau alipopata shida ya macho uzeeni, Wakenya walichangishana ili atibiwe.