Nikinunua risasi Texas nikampelekea kaka yangu California, kuna shida?

SWALI: Shikamoo wakili. Mi ni dereva wa lori, naishi Dallas, nina grini kadi. Ruti yangu kubwa ni Dallas–Fontana, California, na mara mojamoja wananitupa New Jersey. Kaka yangu tumbo moja yuko huko Fontana, ni mtu wa kuwinda nguruwe pori, kila tukiongea analalamika risasi kwao bei iko juu afu dukani wanamzungusha. Huku Texas naingia, nalipa, natoka. Nataka nimchukulie kama maboksi kumi ya bunduki yake nimshushie siku nikienda na mzigo. Na mimi mwenyewe nina bastola ya milimita 9, yenyewe naiacha nyumbani ila risasi zake huwa zinabaki kwenye kebini. Kijiweni wananiambia sheria ya shirikisho inanilinda majimbo yote. Ni kweli?

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Hao wa kijiweni wameshika robo ya habari, na hiyo robo ndo inayotia watu ndani.

Kununua ni kwepesi, tumalize hilo kwanza. Sheria kubwa ya silaha ya Marekani ni ya 1968, na zamani muuza risasi alikuwa anaandika jina la mnunuzi kwenye kitabu na kuagiza kwa posta toka jimbo lingine ilikuwa hairuhusiwi, 1986 Kongresi ikayaondoa hayo kwa risasi za kawaida, ndo maana leo Dallas unalipa unaondoka hata ukiwa na leseni ya udereva ya Oklahoma. Kilichobaki upande wa shirikisho ni umri, duka lenye leseni haliwezi kukuuzia risasi za bastola kama hujafika 21 wala za bunduki ndefu kama hujafika 18, na pia kuna watu ambao hawaruhusiwi kabisa, mfano aliyewahi kutiwa hatiani kwa kosa kubwa la jinai, aliyepatikana na hatia ya kumpiga mwenza wake, au aliyepo nchini bila kibali. Na marufuku hiyo inahusu risasi yenyewe hata kama hana bunduki, punje moja mfukoni inatosha kumfungulia kesi ya shirikisho.

We una grini kadi kwahiyo hapo uko salama. Lakini nakuomba umwambie na mwenzio wa kijiweni mwenye viza ya masomo au ya kazi, wao kwa kawaida hawaruhusiwi kushika risasi mpaka waingie kwenye moja ya misamaha michache, na unaotumika sana ni kuwa na leseni ya kuwinda iliyo hai iliyotolewa na jimbo la hapa Marekani. Nimeona vijana wanaalikwa shabaha wikiendi, wanapiga picha wanaweka mtandaoni, hawajui kwamba wamejipigia ushahidi wenyewe.

Sasa California. Wapigakura wa kule walipitisha Pendekezo namba 63 mwaka 2016, na tangu Julai 1, 2019 kila anayenunua risasi anakaguliwa rekodi zake papo hapo dukani, uso kwa uso. Sheria hiyohiyo inasema mkazi wa California haruhusiwi kuingiza risasi alizozipata nje ya jimbo, mpaka zipitie kwanza kwa muuzaji mwenye leseni wa humohumo. We si mkazi, sawa, kwahiyo kifungu cha kuingiza hakikushiki moja kwa moja. Unashikwa na kile kingine, kinachosema kuuza au hata kumpa tu mtu risasi ndani ya California lazima kupitie kwa muuzaji mwenye leseni. Zawadi imo. Kuna msamaha wa familia lakini usome vizuri wanavyoihesabu familia, mume na mke, wenza waliosajiliwa, mzazi na mtoto, bibi au babu na mjukuu, basi. Kaka na mdogo wake hawamo! Kama mlinyonya ziwa moja au hamkunyonya, kwa kifungu kile nyie ni watu baki, na ukimkabidhi yale maboksi parkingi ya ghala saa nne usiku umetenda kosa la jinai dogo, dogo kwa jina lakini lina jela ndani yake.

Usiseme sana kwamba hakuna anayekagua. Pale Blythe unapovuka mto Colorado kuingia California kwenye barabara kuu ya I-10 kuna kituo unasimamishwa, wanaulizia matunda na mimea, hawaulizi risasi. Watu wakishapita hapo wanaona ndo wamemaliza. Tatizo huwa linakuja siku nyingine kabisa, kaka yako kasimamishwa kwa taa mbovu, au kuna ugomvi wa jirani polisi wakaja nyumbani, wanakuta maboksi yenye stika ya bei ya duka la Dallas, wanamuuliza haya umeyapata wapi.

Najua utaniambia umesikia sheria hiyo imefutwa mahakamani. Imepigwa, ndiyo. Jaji wa shirikisho wa San Diego aliitangaza ni kinyume na Katiba Januari 2024, na Julai 2025 jopo la mahakama ya rufaa likakubaliana naye, majaji wawili kwa mmoja. Ila hukumu kutangazwa na sheria kuacha kufanya kazi ni vitu viwili, jimbo liliomba utekelezaji usimamishwe wakati rufaa inaendelea na madukani ukaguzi ukaendelea kama kawa. Kabla hujapakia chochote ingia tovuti ya Idara ya Sheria ya California uone siku hiyo wanasemaje, usiende na video ya mtu wa mitandaoni.

Kaka yako afanyeje basi? Aagize mtandaoni toka hukohuko nje, mzigo uende kwa duka lenye leseni karibu na kwake, akakaguliwe ndo akabidhiwe. Au mkiwa wote mnakutana hapo dukani na maboksi yako, muuzaji anapitisha makabidhiano na kuchukua ada yake. Na hiyo ya kuzungushwa nadhani naijua. Ukaguzi wa haraka wa dola 5 unalinganisha jina na anwani yake na zile za bunduki iliyosajiliwa kwenye mfumo wa jimbo, sasa mtu alisajili bunduki akiwa San Diego, kahamia Fontana, leseni kabadilisha ila rekodi ya bunduki haijabadilishwa, mashine inamkataa na muuzaji hamwambii sababu maana na yeye haioni. Aende kwenye tovuti ya jimbo asahihishe anwani. Kama hana bunduki yoyote kwenye mfumo, kuna ukaguzi mwingine wa dola 19, huo unachukua siku kadhaa. Kitambulisho nacho, leseni ya udereva ambayo si REAL ID, yaani ile inayokidhi viwango vya shirikisho, haitoshi peke yake, abebe na pasipoti. Kuhusu bei sina dawa, tangu Julai 2024 jimbo limeweka kodi ya asilimia 11 juu ya bunduki na risasi na muuzaji anaibebesha kwa mnunuzi.

Turudi kwenye kebini yako, hapa ndo kijiwe kilipokudanganya zaidi. Sheria ya 1986 ina kifungu cha kupita salama, kinasema ukitoka sehemu unayoruhusiwa kuwa na silaha kwenda sehemu nyingine unayoruhusiwa, majimbo ya katikati yasikusumbue, mradi silaha haina risasi ndani na hakuna kati ya viwili hivyo kinachofikiwa kirahisi ukiwa ndani ya gari. Gari lisilo na buti, vitu viwe kwenye kontena iliyofungwa kwa kufuli, na kisanduku cha dashibodi au cha katikati ya viti havihesabiki hata ukivifunga. Lori halina buti. Kwahiyo zile risasi zako zilizolala kwenye droo ya kitanda hazina ulinzi wowote. Tena kifungu kimeandikwa kwa ajili ya bunduki, risasi zinatajwa kama zinazosafiri nayo, we bunduki umeiacha nyumbani, mimi kama wakili wako nisingependa kusimama mbele ya jaji na hoja hiyo.

Na ni kupita, siyo kufika. Ukishusha mzigo New Jersey hujapita, umefika, sheria za pale ndo zako. Kule risasi za halo pointi, zile zenye shimo kwenye ncha ambazo Texas ndo kila mtu anaweka kwa kujilinda, kuwa nazo ni kosa la hadi miezi 18 jela, isipokuwa nyumbani kwako, shabaha, kwenye uwindaji au njiani kwenda huko kama sheria inavyoelekeza. Kebini ya lori kwenye ghala la Newark sioni inaingia wapi hapo.

Kuna msafiri wa Utah yalimkuta 2005. Alikuwa anaunganisha ndege Newark kwenda Pennsylvania, bastola kafungia sanduku lake, risasi sanduku lake, kila kitu katangaza kwa shirika la ndege. Ndege ikamwacha, akachukua begi lake akalala hoteli, asubuhi anarudi kutangaza tena kama raia mwema, akakamatwa, akakaa ndani siku kadhaa. Mashtaka yalifutwa baadaye, akashtaki, na mwaka 2010 mahakama ya rufaa ikamwambia kupita salama hakukumlinda kwasababu usiku ule hotelini begi alikuwa nalo mkononi. Sasa we unayelala ndani ya gari lilelile linalobeba risasi, fikiria.

Ninachokushauri ni hiki, safari ya New Jersey risasi zibaki Dallas. Safari za kwingine, ukilazimika, boksi la chuma lenye kufuli, liwekwe kwenye stoo ya pembeni inayofunguliwa kwa nje, na usome kwanza kitabu cha kampuni yako maana nyingi zinakataza kabisa na kazi inaweza kuisha bila polisi kuhusika. Ukiwa na mzigo wa kambi ya jeshi, usiwe na risasi hata punje moja kwenye lori. Laredo, ule mji wa mpakani na Mexico, ndo usijaribu kabisa, ukikosea njia ukajikuta darajani upande wa Mexico na boksi la risasi, ni kosa la shirikisho la kwao na mimi huku siwezi kukusaidia kitu.

Jingine la grini kadi. Ukikamatwa kwa chochote cha silaha, usikubali kosa ili tu uachiwe urudi barabarani, hata mwendesha mashtaka akikwambia faini tu, mpaka wakili wa uhamiaji aangalie karatasi, kuna hatia za silaha zinazomfukuzisha nchini mtu aliyekaa hapa miaka ishirini.

Na hayo maboksi kumi, umeangalia ni risasi za aina gani? Kama ni za kawaida, zilizotengenezwa kwa madini ya risasi (ledi), kaka yako hawezi kuwindia hata nguruwe mmoja, California imekataza risasi za aina hiyo kwenye uwindaji wote tangu Julai 1, 2019, lazima ziwe za shaba au kitu kingine kisicho na ledi ndani. Za kawaida atapigia shabaha tu. Kwahiyo kabla ya yote muulize anazitaka za nini, na kama umeshalipia peleka risiti uone kama wanakurudishia, maduka mengi hayarudishi.