Jibu: Binti wa kamera, kuna ugali Arusha?

Dada, umeuliza kama mdogo wako wa Moshi anayetaka kushika kamera atapata ugali au arudi kwenye uhasibu. Atapata, ila asiusubiri kwenye bongo muvi. Enzi za DVD niliuza muvi yangu jumla kwa msambazaji mmoja, haki zote, hela ya mara moja. Miezi michache baadaye naikuta kibanda umiza, kile kibanda cha kuonyesha video, pale Ngarenaro, kiingilio shilingi 500, watu wamejaa hadi mlangoni. Kwangu haikurudi hata senti. Mkataba asome kabla ya kusaini, hasa kipengele cha haki.

Kinacholipa huku ni harusi, sendofu, na wageni wanaokuja kurekodi wanyama. Hao hulipa kwa siku. Aanze hata kwa kubeba tripodi, wengi tulianzia hapo.

Kuhusu kuwa msichana, asishtuke akijikuta peke yake. Huko Marekani kwenyewe tuzo za filamu za Oscar zipo tangu 1929, lakini mwanamke wa kwanza kuteuliwa kuwania ile ya upigaji picha za filamu, Rachel Morrison, ni 2018 juzi tu. Kwenye harusi zetu ana bahati: anaingia chumba anachovalishwa bibi harusi bila shangazi yeyote kuguna. Mimi huwa naishia koridoni.