Anti, 66 Yangu Imenipokonya Ufadhili

SWALI: Shikamoo Anti. Mimi ni kijana wa Iringa, niko Wuhan nasoma shahada ya uzamili ya uhandisi wa ujenzi, mwaka wa kwanza, kwa ufadhili wa Serikali ya China. Kwenye tathmini ya mwaka huu nimeanguka. Somo moja nilipata 66 nikajua nimepita, kumbe idara yetu inataka 70 kwa masomo ya lazima. Jingine nilipata 58. Nimepewa barua kwamba kuanzia Septemba ufadhili umesitishwa kwa mwaka mmoja. Ada, bweni na ile posho ya yuan 3,000 kwa mwezi ndiyo basi tena, na kwenye hiyo posho ndiko nilikokuwa nachomoa ada ya mdogo wangu wa kidato cha tano. Wenzangu wanasema nifundishe Kiingereza chekechea, wanalipa vizuri na hawaulizi kibali. Mama hajui kitu, bado ananitolea sadaka ya shukrani kanisani. Nifanyeje?

JIBU: Marahaba mwanangu, na pole sana. Hiyo 66 inauma kuliko 58, maana kwenye vyuo vyetu vingi hiyo ni B+, mtu anatembea nayo kifua mbele.

Lakini hujadisko, yaani hujafukuzwa chuo. Nadhani presha imekufanya uiruke sehemu hiyo ya barua. Kwenye tathmini yao mtu huendelea, husitishiwa au hufutiwa kabisa. Aliyesitishiwa hupimwa tena mwaka unaofuata: akipita ufadhili unarudi, akianguka tena anafutiwa. Kwa hiyo kazi yako ni kubaki mwanafunzi halali mpaka tathmini ijayo, bila fedha yao.

Anza na msimamizi wako, kabla ya ubalozi na kabla ya kundi la Watanzania huko WeChat. Najua unamkwepa, wote wakipewa barua hiyo huwakwepa wasimamizi, halafu wanashangaa kukosa mtu wa kuwasemea. Nenda na ratiba ya sapu zako, ile mitihani ya kurudia, mkononi, umweleze utazisomaje. Kisha muulize bila aibu kama mradi wake una posho ya mwanafunzi wa maabara. Baadhi wanazo, ingawa ni za kununulia chakula tu. Ukitoka hapo pitia ofisi ya wanafunzi wa kigeni, uombe kulipa ada kwa awamu. Na bima, yuan 800 kwa mwaka! Ilikuwa inalipwa na ufadhili, ndiyo maana watu huisahau.

Chekechea usiende. Ni kweli wao hawaulizi kibali. Anayeuliza ni polisi. Sheria yao ya mwaka 2012, iliyoanza kutumika Julai 2013, inamtoza mgeni anayefanya kazi bila ruhusa yuan 5,000 hadi 20,000, na kosa likiwa zito anawekwa ndani siku 5 hadi 15. Hapo unakuwa umepoteza na shahada yenyewe. Mwanafunzi anaweza kuomba kazi ya muda nje ya chuo kwa njia halali: chuo kinaridhia, kisha idara ya uhamiaji. Inachukua muda, kwa hiyo omba sasa. Kibali chako cha ukaazi nacho kiangalie kinaisha lini. Ukizidisha siku, faini ni yuan 500 kila siku mpaka ifike 10,000.

Mdogo wako sasa. Shule za serikali hazitozi ada kidato cha tano na sita tangu 2022, kwa hiyo huyu yuko shule ya binafsi. Sipendi kumhamisha mtoto katikati ya masomo, lakini kumrudisha nyumbani kwa deni la ada ni kubaya zaidi. Mzazi aanze kuulizia uhamisho sasa hivi, nafasi hazingoji.

Mama mpigie mwenyewe. Si meseji, wala sauti ya kurekodi. Mpigie ukishaonana na msimamizi, ili akiuliza “sasa itakuwaje?” uwe na la kumjibu. Usichelewe lakini, maana Wuhan mko Watanzania wengi na habari hazina nauli. Saa tano usiku ya kwako, kwake ni saa kumi na mbili jioni, ameshatoka shamba.