Jibu: Mary Pickford aliachaje jukwaa akaingia filamu bubu?
Ndugu, umeuliza kama Mary Pickford, mwigizaji wa kike, alihamia filamu bubu kwa mapenzi. Wapi! Ni ukata. Mwaka 1909, akiwa na miaka 17, alikuwa ameshaigiza Broadway, kwenye kumbi kubwa za maigizo za New York, chini ya mtayarishaji David Belasco, ila kazi ikakatika. Akabisha hodi Biograph, kampuni ya filamu ya New York, kwa mwongozaji D. W. Griffith. Wasanii wa jukwaa waliidharau kazi ya filamu. Malipo ya kawaida dola 5 kwa siku. Yeye akadai 10, na akapewa! Kisha kuna suala la mwili: jukwaani unatupa mikono ili aliye nyuma kabisa akuone, mbele ya kamera ukifanya hivyo unachekesha. Jina lake halikutajwa kwenye filamu, watazamaji walimjua kama msichana wa nywele za dhahabu.